Mwanga wa Umeme na Mwanga wa Usiku

Nina rafiki yangu tuliyesoma naye chuo kikuu. Jina lake siliweki hapa, ameshaumia vya kutosha. Yeye alichukua kompyuta, mimi nikachukua uandishi wa habari. Kazi yake ni kufunga mitandao ya kompyuta kwenye maofisi. Ukimkuta juu ya ngazi, nyaya zinaning'inia shingoni kama tai, utasema huyu ndiye Mtanzania wa kesho tuliyekuwa tunaahidiwa na walimu wetu. Basi siku moja akapata meseji. Unaijua. Sidhani kama kuna mwenye laini ya simu hapa nchini asiyeijua: jiunge na Freemason upate utajiri, nyumba na gari, piga namba hii. Mimi nikiipata huwa nacheka, naifuta. Yeye alipiga.

Akalipia fomu. Akalipia sadaka. Kisha akaambiwa pesa zake ziko tayari kwenye sanduku, ila sanduku linalindwa na nyoka, na nyoka haondoki bila dawa, na dawa ni laki mbili na nusu. Akalipa. Alipokuja kunisimulia alikuwa ameshauza hata kompyuta yake ya mkononi. Nikamvaa kwa hasira: "Wewe, mtu wa kompyuta, unaibiwaje na nyoka wa kwenye meseji?" Jibu lake limenikaa kichwani mpaka leo. Alisema, "Kaka, mimi kila siku natuma sauti na picha mpaka China, hewani, bila waya. Nani atanishawishi kwamba kuna kitu hakiwezekani?"

Nilikosa la kumjibu. Ndiyo maana naandika leo.

Tangu darasa la kwanza tumelishwa hadithi moja: uchawi ni giza, elimu ni mwanga. Umeme ukifika kijijini wachawi watahama. Simu zikifika, waganga watafunga virago. Haya, umeme umefika. Simu zimefika. Hebu toka leo utembee barabara yoyote ya Dar es Salaam, uangalie matangazo ya waganga yamebandikwa wapi. Kwenye nguzo za umeme! Mganga kutoka Sumbawanga, mganga kutoka Pemba, mganga kutoka Nigeria. Anarudisha mpenzi, anasafisha nyota, anatoa pete ya bahati, anakuonyesha mbaya wako kwenye kioo. Chini ya tangazo kuna namba ya simu, na malipo unatuma kwa simu hiyo hiyo. Huna haja ya kupanda basi kwenda Sumbawanga. Tiba inakufuata ukiwa kitandani.

Nadhani Kiswahili kilitutahadharisha zamani tukawa hatusikii. Mwanga ni nuru. Lakini mwanga pia ni yule anayewanga usiku. Neno ni moja, tofauti unaijua kwa kuangalia linavyotumika. Hoja yangu ndiyo hiyo: teknolojia haijawahi kuwa adui wa uchawi. Kila chombo kipya kinapoingia mjini, uchawi unakuwa abiria wa kwanza kupanda. Na usidhani nawasema Waafrika peke yao. Naomba uvumilivu nikupeleke mbali kidogo kabla hatujarudi nyumbani.

Mwaka 1856 serikali ya Ufaransa ilikuwa na tatizo Algeria. Masharifu na mashekhe wa huko waliokuwa wakiaminiwa kuwa na karama walikuwa na sauti kubwa kwa watu kuliko watawala wa Kifaransa. Jeshi peke yake halikutosha. Unajua walimtuma nani? Mwanamazingaombwe. Anaitwa Jean-Eugène Robert-Houdin, fundi saa aliyegeuka kuwa mfanya kiini macho maarufu kuliko wote Paris. Akaenda na sanduku dogo. Kwa maelezo yake mwenyewe, alimwita jukwaani mwanamume mmoja mwenye nguvu, akamwambia linyanyue. Jamaa akalinyanyua kama kikapu cha mchicha. Robert-Houdin akasema, sasa nakunyang'anya nguvu zako. Jamaa akalivuta tena. Wapi! Akavuta mpaka jasho likamtoka, sanduku halitikisiki. Mwisho akapigwa na kitu mwili mzima, akapiga magoti, akatimka mbio.

Siri ilikuwa nini? Kitako cha sanduku kilikuwa cha chuma, na chini ya jukwaa kulikuwa na sumaku ya umeme. Ukiruhusu umeme, sanduku linang'ang'ania sakafu. Na lile pigo la mwisho lilikuwa shoti ya umeme iliyopitishwa kwenye mpini. Robert-Houdin anaandika kwamba baadaye watu walitumwa kuwaeleza Waalgeria kuwa ule ulikuwa ufundi tu. Lakini angalia mpangilio wa mambo: kwanza hofu, maelezo baadaye. Serikali ya nchi iliyojiita mwalimu wa dunia ilichukua kifaa cha sayansi, ikakivalisha joho la uchawi, ikakitumia kutawala. Sumaku ile ile ingeweza kupelekwa darasani ikafundishwa. Kumbe uchawi haukuwa ndani ya sanduku. Ulikuwa kwenye uamuzi wa kutolifungua mbele ya watu.

Wamarekani nao walikuwa na ya kwao. Mwaka 1844 Samuel Morse alituma ujumbe wa telegrafu kutoka Washington hadi Baltimore. Ilikuwa ajabu kubwa: mtu anagonga huku, maneno yanasomwa kule. Miaka minne tu baadaye, 1848, katika kijiji cha Hydesville, jimbo la New York, mabinti wawili, Kate na Maggie Fox, wakadai kwamba kuna marehemu anawasiliana nao kwa kugonga. Kugonga! Yaani hata mizimu ilikuwa imeshajifunza telegrafu. Si utani wangu. Katika miaka ya 1850 waumini wa imani hiyo walikuwa na gazeti lao New York, na walilipa jina la Telegrafu ya Kiroho, kwa Kiingereza Spiritual Telegraph. Mwaka 1888 Maggie akasimama mbele ya watu akaonyesha kwamba sauti zile walikuwa wanazitoa kwa viungo vya vidole vya miguu. Mwaka uliofuata akayakana maneno yake. Wakati huo wala haikuwa na maana tena. Waumini walikuwa wengi mno, hawakumhitaji Maggie ili waamini.

Kamera nayo hivyo hivyo. Mpiga picha mmoja wa Boston, William Mumler, katika miaka ya 1860 alianza kuuza picha ambazo nyuma ya mteja anaonekana marehemu wake, mweupe kama ukungu. Kumbuka hiyo ni miaka ya vita vya wenyewe kwa wenyewe Marekani, kila nyumba ina msiba. Akashtakiwa kwa utapeli New York mwaka 1869, akaachiwa kwa kukosekana ushahidi wa kutosha. Miaka michache baadaye alimpiga picha mjane wa Rais Abraham Lincoln, na nyuma yake akatokea "Lincoln" kamshika mabega. Na mwaka 1920 Thomas Edison, ndiyo, huyo huyo wa balbu, aliwaambia waandishi wa habari kwamba anatafuta kifaa ambacho wafu wangeweza kukitumia, kama wapo na kama wanataka kuongea nasi.

Kwa hiyo rafiki yangu wa kompyuta hakuwa peke yake. Alikuwa amekaa benchi moja na Edison.

Sasa sanaa inaingia wapi? Inaingia hapo hapo. Mwaka 1888 kijana mmoja wa Paris, Georges Méliès, alinunua jumba la mazingaombwe alilokuwa ameliacha yule yule Robert-Houdin wa sanduku. Desemba 1895 akahudhuria maonyesho ya picha zinazotembea za ndugu Lumière. Wengine waliona mashine. Yeye aliona mazingaombwe. Mwaka 1896 alishatengeneza filamu fupi ya shetani ndani ya jumba la kale, watu wanatoweka na popo anageuka kuwa mtu. Yaani sinema ya kubuni, hii tunayoilipia leo, mmoja wa wakunga wake alikuwa mchawi wa jukwaani. Katika uchoraji yupo mama mmoja wa Sweden, Hilma af Klint. Mwaka 1906 alianza kuchora picha kubwa zisizofanana na mtu wala mti, akisema anaelekezwa na roho alizokuwa akiwasiliana nazo na wanawake wenzake. Alifariki 1944, akiwa ameagiza picha hizo zisionyeshwe mpaka ipite miaka 20. Zilipotundikwa Guggenheim, New York, mwaka 2018 hadi 2019, watu zaidi ya 600,000 walikwenda kuziona.

Turudi nyumbani. Nenda Mwenge pale kwenye vinyago, ukatazame shetani wa Kimakonde. Jicho moja liko tumboni, ulimi unafika magotini. Mgeni anakinunua akiamini ni mungu wa kale wa Wamakonde, umri wake miaka elfu. Ukweli ni kwamba mtindo huo wa mashetani ulishika kasi katika miaka ya 1950, na simulizi inayorudiwa sana inamtaja mchongaji Samaki Likankoa na mfanyabiashara wa Dar es Salaam, Mohamed Peera, aliyevipenda na kuvitafutia soko. Mashetani wenyewe walikuwepo kwenye imani za watu, hilo silikatai. Lakini shetani wa mpingo, wa kubeba kwenye sanduku la safari, ni kijana wa mjini kama mimi na wewe. Kisha akaja George Lilanga, aliyefariki mwaka 2005, akawatoa mashetani kwenye mpingo na kuwatia rangi za kung'aa, wanacheza, wanakula, wanagombana kama watu wa uswahilini. Ukiwatazama huogopi. Unacheka, unamtambua jirani yako.

Nawapenda sana mashetani wa Lilanga, na sababu yake ni hii: sanduku lake liko wazi. Anakuonyesha brashi. Hakuambii ulete kuku mweusi. Msanii na tapeli wote wanatengeneza kisichokuwepo, lakini msanii anakiri kwamba ametengeneza. Akiacha kukiri, anavuka mpaka.

Na sisi tumevuka mpaka huo mara nyingi. Mwaka 1992 Nigeria ilitoka filamu ya Living in Bondage, ya mtayarishaji Kenneth Nnebue: mwanamume anamtoa kafara mkewe kwa kundi la siri ili apate utajiri. Inasimuliwa kwamba Nnebue alikuwa na shehena ya kanda tupu za video, akaona kanda yenye filamu itauzika kuliko kanda tupu. Alipatia. Soko zima la filamu za Nigeria lilipata kasi hapo, na sisi huku tukazipokea, tukazitafsiri, mwisho tukatengeneza za kwetu. Tatizo halikuwa filamu. Tatizo ni kwamba wengi wetu hatukuziangalia kama filamu, tuliziangalia kama taarifa ya habari. Joho jeusi, mishumaa, pete, damu kwenye bilauri: vyote tulivijua kwenye skrini kabla hatujaambiwa na mtu yeyote kwamba Freemason ndiyo hiyo. Steven Kanumba aliigiza filamu ya Devil Kingdom mwaka 2011 na mwigizaji wa Nigeria. Alipofariki tarehe 7 Aprili 2012, akiwa kijana, uvumi ukamfuata mpaka kaburini kwamba alijiunga, ametolewa. Ushahidi wa wavumishaji? Filamu! Mtu kaigiza, basi kafanya. Kwa hesabu hiyo kila aliyewahi kuigiza daktari tumpe wodi.

Wakati huo Freemason wenyewe walikuwepo nchini na kiongozi wao alikuwa mtu anayejulikana, marehemu Sir Andy Chande, aliyezungumzia chama hicho hadharani. Lakini matapeli hawakuwa na haja na Freemason wa kweli. Waliihitaji ile picha iliyokuwa imeshachorwa kichwani mwetu bure, na simu ya kuwafikia wenye nayo. Meseji ya rafiki yangu ilikuwa na maneno machache tu. Mengine yote, nyoka, sanduku na joho, aliyajaza mwenyewe. Filamu ilishafanya kazi, simu ikaja kukusanya mapato.

Hapa kuna msomaji anasema, sawa bwana, tumecheka, mtu kapoteza laki kadhaa, si mwisho wa dunia. Ndiyo. Ila kuna waliopoteza zaidi ya laki. Tangu miaka ya 2000 Watanzania wenye ualbino zaidi ya 70 wameuawa kwa sababu mtu fulani aliambiwa kiungo cha mwenzake kinaleta bahati kwenye madini au kwenye uvuvi. Mwaka 2008 mwandishi Vicky Ntetema wa BBC alijifanya mteja akaenda kwa waganga wa Kanda ya Ziwa kuchunguza biashara hiyo, na kwa kazi hiyo alilazimika kujificha. Serikali ikazuia waganga mwaka 2009, ikazuia wapiga ramli tena mwaka 2015. Sheria ya uchawi tunayo tangu 1928, ya mkoloni. Hatuna upungufu wa makatazo. Kisichokatazika ni ile tamaa inayosema kuna njia ya mkato imefichwa mahali, na kwamba anayelipia ndiye atakayeonyeshwa.

Wapo pia wazee. Usukumani bibi amekufa kwa sababu ana macho mekundu. Macho mekundu yanatoka wapi? Kwa wengi ni moshi wa jiko, miaka 50 ya kupuliza kuni na samadi kavu ndani ya nyumba isiyo na dirisha la maana. Hapo ndipo teknolojia ingesaidia kweli, jiko lisilotoa moshi! Kilifi, pwani ya Kenya, mvi zimekuwa hatari. Wazee wanauawa kwa tuhuma za uchawi, na mara nyingi ukichimba unakuta chini ya tuhuma kuna shamba, na vijana wanaotaka kuliuza. Kuna wazee wanapaka nywele rangi nyeusi, si kwa urembo, ni kwa kuogopa wajukuu.

Sasa nifike kwangu, maana nimewasema Wafaransa, Wamarekani, wasanii na waganga, na mwandishi wa habari nimemwacha amekaa pembeni msafi.

Mwaka wangu wa kwanza kazini, asubuhi moja picha ilianza kuzunguka kwenye WhatsApp. Bibi mzee amekaa kwenye baraza ya nyumba isiyo yake, kajifunika kanga iliyolowa umande, watu wamemzunguka na simu zimeinuliwa juu. Maelezo yalisema mchawi ameanguka na ungo. Mhariri akaniambia kimbia. Nilifika bibi ameshaondolewa. Nikahoji majirani watatu. Mmoja akaapa alisikia kishindo juu ya bati. Nikaandika. Nilikuwa mjanja, niliweka "anadaiwa" kila mahali, kama tulivyofundishwa. Habari ikawekwa ukurasa wa mbele pamoja na ile picha. Siku hiyo gazeti liliisha mapema mitaani, nikapigwa mabega na wakubwa.

Baada ya wiki mwanamume mmoja akanipigia. Sauti yake ya taratibu.

"Mdogo wangu, wewe ndiye uliyeandika habari ya yule bibi?"

"Ndiyo, kaka. Shikamoo."

"Marahaba. Yule ni mama yangu. Ana ugonjwa wa kusahau. Akiamka usiku anatoka kutafuta nyumba aliyopanga na baba zamani, kabla hatujazaliwa. Ilikuwa mtaa ule ule."

Hakunitukana. Afadhali angenitukana. Aliniambia tu kwamba nyumbani kwao vijana wamerusha mawe, wamehama, na mama kila siku anauliza kwa nini hawarudi kwao. Nikamwomba radhi. Akasema haya, akakata simu.

Sheria ya Kenya ya mwaka 1925 inamtia hatiani hata anayemtuhumu mwenzake kuwa ni mchawi. Nilipoisoma niliwaza kwamba ningekuwa upande wa pili wa mpaka, labda ningepanda kizimbani mimi na neno langu "anadaiwa". Kwa sababu fikiria kwa makini. Mchawi tunamwelezaje? Ni mtu anayeweza kumdhuru mwingine akiwa mbali, kwa kitu kinachoruka usiku na kuingia majumbani mwa watu bila hodi. Ile picha ndivyo ilivyofanya. Ungo wa yule mama haukuwepo. Wa kwangu upo, ninao mfukoni sasa hivi na ninauchaji kila jioni.

Na mambo yanakwenda yakikolea. Mwaka 2020 televisheni moja ya Korea Kusini ilimvalisha mama miwani ya kompyuta akakutana na mwanawe aliyefariki, akamwona, akanyoosha mkono kumshika. Mwaka 2021 ilikuja programu ya kufanya picha ya marehemu ikonyeze macho na kutabasamu. Leo akili mnemba inaweza kuiga sauti ya mtu kwa kusikia maneno machache tu. Mumler wa Boston angelia kwa wivu. Siwezi kumlaumu mama aliyefiwa akitaka kusikia tena sauti ya mtoto wake. Ninachoogopa ni yule atakayekaa nyuma ya pazia, auze sauti hiyo bila kusema imetengenezwa. Tangazo lake nalo litabandikwa nguzo ya umeme.

Naomba nieleweke. Sisemi dawa za miti shamba ni upuuzi. Tiba asili ina sheria yake tangu 2002, na mimi mwenyewe nimekuzwa kwa mwarobaini. Wala sisemi mimi ni jasiri. Bundi akilia juu ya bati saa nane za usiku, digrii yangu inalala fofofo, nabaki macho mimi na Aya za bibi yangu. Kuogopa si kosa. Kosa ni kuuza woga wa wenzako, au kuutumia kunyang'anya shamba, au kuujengea ukurasa wa mbele.

Ndiyo maana sikubaliani na wasomi wenzangu wanaosema dawa ni intaneti zaidi na vyeti zaidi. Rafiki yangu anavyo vyote viwili. Alichokosa ni mazoea ya kuuliza maswali mawili ya kijinga kabisa: hiki kimetengenezwaje, na nani anakula hapa? Maswali hayo hayahitaji umeme. Mwalimu anayefungua redio mbovu mbele ya wanafunzi anayafundisha. Lilanga aliyafundisha kwa brashi. Mwigizaji anayekubali kuonyesha jinsi damu ya kwenye filamu ilivyokorogwa jikoni anafanya kazi kubwa kuliko semina kumi. Na mwandishi anayekataa kumtaja mtu kuwa mchawi, hata kwa "anadaiwa", hata mhariri akinuna, naye amefungua sanduku.

Juzi nilikaa na rafiki yangu, nikamwomba anieleze jinsi sauti inavyokwenda China bila waya. Alianza kivivu, mara akachangamka, akachora minara na mawimbi nyuma ya risiti ya chipsi. Alipomaliza nikamuuliza, "Na nyoka wa kwenye sanduku, yeye anasafiri kwenye wimbi gani?" Alinyamaza, kisha akacheka, na mimi nikacheka. Ilikuwa mara ya kwanza kumwona akicheka tangu auze kompyuta.

Kwangu bado. Nimemwomba mhariri mara mbili tuiandike upya habari ya yule mama, ukweli wake wote. Naambiwa imepitwa na wakati. Imepitwaje, wakati mwezi uliopita tu nimetumiwa picha ile ile, safari hii wanasema ni mchawi wa Tanga? Kabla ya hapo alikuwa wa Morogoro. Kuna siku alikuwa wa Mombasa.

Ikikufikia na wewe, bibi kwenye baraza, kanga yenye umande, usiitume kwa mtu. Na aliyekutumia mwambie yule ni mama wa watu, alikuwa anatafuta nyumba yake.